Kibali cha siku chache, kesi ya miezi mitatu: basi lililokataliwa kwenda Moshi

Kisa hiki nimekijenga mwenyewe ili tukichambue. Tajiri huyu mwenye basi hayupo, basi lake halipo, na jaji wake ni wa kwangu. Sheria, vyombo na kesi za zamani nitakazozitaja ni za kweli, na ndizo zinazonivutia. Nimechagua kibali cha muda kwa sababu kinaiweka mahakama mahali pagumu: kinachogombewa kinakufa kabla ya hukumu kusomwa.

Mama mmoja wa Dar es Salaam ana mabasi mawili. Moja lina leseni ya ruti ya Dar es Salaam kwenda Morogoro. Kila Desemba anaona jambo lile lile ambalo kila mtu aliyewahi kupita Kituo cha Mabasi cha Magufuli pale Mbezi Luis wiki ya Krismasi amelishuhudia: abiria wa Kilimanjaro wamekaa juu ya mizigo yao tangu usiku, tiketi hakuna, na wapiga debe wanauza kiti kimoja kwa watu wawili. Ruti ya Morogoro wakati huo haina haraka. Kwa hiyo anaomba kibali cha muda ili basi lake lifanye safari za Moshi kuanzia tarehe 18 hadi 24 Desemba, na kuwarudisha watu kati ya tarehe 2 na 8 Januari.

Anaomba tarehe 1 Desemba kupitia mfumo wa maombi wa Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini, LATRA, chombo kilichorithi kazi za nchi kavu za SUMATRA, mamlaka ya zamani ya usafiri wa nchi kavu na majini, kwa sheria ya mwaka 2019. Anaambatanisha kadi ya gari, bima, taarifa ya ukaguzi wa askari wa usalama barabarani, leseni ya sasa, na majina ya madereva wawili, maana safari ni takribani kilomita 560 na hataki mtu mmoja ashike usukani njia nzima.

Tarehe 8 Desemba jioni jibu linaingia kwenye simu: ombi halikukubaliwa, ruti imejitosheleza. Hakuna neno la ziada. Kesho yake ni Sikukuu ya Uhuru, ofisi zimefungwa. Tarehe 10 asubuhi yuko kaunta, na hapo afisa mmoja, kwa upole kabisa, anamwambia: "Mama, hili basi lako lina historia ya mwendokasi kwenye VTS. Ndiyo maana." VTS ni mfumo wa kufuatilia mwenendo wa magari. Anapotoka nje anakutana na konda wake, aliyepita Mbezi asubuhi hiyo, na konda anamwambia ameona mabasi matatu yenye vibali vipya vya muda vya Moshi, vyote vya tarehe 9 na 10.

Hapo kesi nzima imeshazaliwa. Kuna sababu iliyoandikwa, kuna sababu iliyosemwa, na kuna mambo yaliyotendeka yanayokana ile iliyoandikwa.

Kunyimwa si kunyang'anywa

Wakili aliyemfuata siku hiyo hiyo alikuwa kijana, na la kwanza alilofikiria ni zuio, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha jambo. Wengi wetu tungefikiri hivyo. Mteja analia, muda unakwenda, mkono unakimbilia kwenye kielelezo cha maombi ya zuio la muda.

Lakini zuio linazuia nini hapa? Kama Mamlaka ingemfutia leseni aliyokuwa nayo, amri ya kusimamisha uamuzi huo ingemrudisha barabarani siku hiyo hiyo, kwa sababu kabla ya uamuzi alikuwa na leseni. Aliyenyimwa kibali hana kitu nyuma yake cha kurudia. Simamisha uamuzi wa kumkataa, na bado atabaki mtu aliyeomba na hajapewa. Hali iliyokuwepo kabla ya tarehe 8 ilikuwa basi la Morogoro, na hali hiyo haimpeleki mtu Moshi.

Njia ya kesi ya madai ina kikwazo kingine. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inataka notisi ya siku 90, na marekebisho ya mwaka 2020 yameipanua maana ya Serikali hadi kuzigusa taasisi ambazo zamani ungeweza kuzishtaki moja kwa moja. Siku 90 kutoka tarehe 10 Desemba zinaangukia Machi. Mawakili wa Tanzania wamezoea kuziba pengo hilo kwa maombi ya Mareva, yaani zuio linaloombwa wakati notisi inakwenda, lakini hilo nalo ni zuio, na tumeshasema zuio halizai kibali. Sheria hiyo hiyo pia inabana amri za zuio dhidi ya Serikali na kuelekeza mahakama kwenye tamko la haki za wahusika. Tamko ni zuri, ila halina magurudumu.

Kijana alilielewa hilo usiku wa tarehe 10, na alichofanya baadaye ndicho kilichoiokoa kesi. Aliandika barua.

Barua ya ukurasa mmoja

Barua ilikuwa na mambo matatu. Ilidai sababu za kukataliwa kwa maandishi. Iliuliza kama kuna taarifa yoyote mbaya juu ya basi au mmiliki iliyotumika kufikia uamuzi, na kama ipo, apewe na aijibu. Iliomba ombi lifikiriwe upya kabla ya tarehe 16 Desemba, kwa kuwa safari ya kwanza ni tarehe 18. Ilipokelewa kwa muhuri, nakala ikarudi.

Wateja hudhani barua za namna hii ni adabu tu kabla ya vita. Kisheria zina uzito mkubwa. Mwaka 1986 Mahakama Kuu, katika John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, Bukoba, iliweka masharti ya kutoa amri ya kumlazimisha ofisa wa umma kutenda, ile mawakili waiitayo mandamus. La kwanza ni kwamba mwombaji awe amedai wajibu utimizwe na mdaiwa akakataa. Yanafuata mengine: kuwe na wajibu wa umma unaotokana na sheria na usiwe kwa Serikali peke yake, wajibu huo uwe wa lazima, si wa hiari, mwombaji awe na maslahi ya kutosha, na kusiwe na nafuu nyingine. Asiyeandika barua anajikwaa kwenye sharti la kwanza kabla hata jaji hajavaa miwani.

Hadi tarehe 15 hakukuwa na jibu. Na tarehe 15 Desemba ina maana yake Mahakama Kuu: likizo ya mahakama huanza hapo na kwenda hadi mwisho wa Januari, kisha Siku ya Sheria inafungua mwaka mpya mwanzoni mwa Februari. Msimu wa vibali vya sikukuu na msimu wa likizo ya majaji ni msimu mmoja. Sidhani kuna aliyepanga iwe hivyo, lakini mwenye basi anayekataliwa Desemba anapaswa kujua kwamba anabisha hodi kwenye nyumba ambayo wenyewe wamesafiri, wamemwacha wa zamu. Wa zamu yupo, ila anafungua kwa hati ya dharura tu.

Mlango gani?

Hapa ndipo mawakili wenye uzoefu wangegawanyika, na mimi mwenyewe sikubaliani na njia iliyochukuliwa.

Maamuzi ya mamlaka za udhibiti, LATRA ikiwemo, yana mahali pake pa rufaa: Baraza la Ushindani, chombo kilichoundwa na Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003, ambacho mwenyekiti wake ni jaji wa Mahakama Kuu. Rufaa inakwenda ndani zaidi kuliko mapitio ya mahakama. Mapitio yanauliza kama uamuzi ulifikiwa kwa njia halali. Baraza linaweza kuuliza pia kama ushahidi uliunga mkono uamuzi wenyewe, na swali la "ruti imejitosheleza" ni la ushahidi tangu mwanzo hadi mwisho.

Kijana alikwenda Mahakama Kuu kuomba mapitio. Sababu yake ilikuwa kwamba bila sababu za maandishi hakuwa na cha kukatia rufaa, na kwamba Baraza lisingeweza kukaa, kumwita mjibu rufaa na kuamua ndani ya siku mbili. La pili ni kweli. La kwanza ni nusu kweli: kukosekana kwa sababu kungeweza kuwa hoja ya kwanza ya rufaa hiyo hiyo. Ningekuwa mimi, ningepeleka rufaa Baraza tarehe 11 pamoja na maombi ya dharura, na barua ningeiandika siku hiyo hiyo. Kungekuwa na hatari ya kuchelewa, lakini kuchelewa kulikuwepo kila mlango. Hatari ambayo Baraza lisingekuwa nayo ni ya kufukuzwa kwa kukosea mlango.

Basi, tarehe 16 ombi la ridhaa likawasilishwa kwa njia ya mtandao, likiambatana na maelezo, hati ya kiapo na hati ya dharura. Chini ya Kanuni za Mapitio ya Mahakama za mwaka 2014 huwezi kuingia moja kwa moja kwenye shauri la msingi. Unaomba kwanza ruhusa, tena ndani ya miezi sita tangu uamuzi, na kwa kawaida husikilizwa upande mmoja. Mahakama ya Rufani katika Emma Bayo dhidi ya Waziri wa Kazi ilieleza kazi ya hatua hii: kuona kama kuna hoja ya kujadiliwa, kama muda wa miezi sita haujapita, na kama mwombaji ana maslahi ya kutosha. Jaji wa zamu hakuhitaji zaidi ya hapo. Ridhaa ilitoka tarehe 19.

Basi la kwanza la Moshi lilipaswa kuondoka tarehe 18.

Kiapo kilichokatwa

Niseme kidogo kuhusu hati ya kiapo, kwa sababu rasimu yake ya kwanza ilikuwa na aya kumi na tisa na ile iliyowasilishwa ilikuwa na kumi na moja. Tajiri alitaka iandikwe kwamba mabasi matatu yale yalipewa vibali "kwa kujuana". Alikuwa na uchungu, na pengine alikuwa na ukweli pia, lakini hakuwa na ushahidi. Kanuni inayoongoza viapo Afrika Mashariki ni ya tangu mwaka 1966, katika kesi ya Uganda ya Matovu: kiapo kibebe mambo ya hakika ambayo mwapaji anayajua mwenyewe au ameelezwa na mtu anayemtaja, na kisibebe hoja za kisheria, maombi wala hitimisho. Aya moja chafu inampa wakili wa Serikali nafasi ya kuomba kiapo kizima kitupwe, na kiapo kikianguka ombi lote linaanguka nalo.

Na konda ndiye aliyeviona vibali, wala si tajiri. Kwa hiyo konda akaapa kiapo chake: siku gani, saa ngapi, namba za magari, picha alizopiga kwa simu. Tajiri katika kiapo chake akasema tu kwamba ameelezwa na konda na anaamini. Kulikuwa na wazo la kuiomba Mamlaka orodha ya vibali vyote vya muda vya ruti ya Moshi kwa kutumia Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016. Sheria hiyo inampa mwenye taarifa hadi siku 30 kujibu. Ombi lilipelekwa hata hivyo, na jibu lilipokuja katikati ya Januari lilithibitisha vibali viwili kati ya vitatu. Cha tatu kilikuwa cha Arusha, konda alisoma vibaya. Kosa dogo hilo lilimpa wakili wa Serikali dakika kumi za furaha mahakamani.

Sababu iliyokuja baada ya ndoa kuvunjika

Shauri la msingi liliwasilishwa tarehe 22 Desemba, ndani ya siku 14 baada ya ridhaa. Kiapo kinzani kililetwa tarehe 9 Januari, siku moja baada ya muda wote wa kibali kilichoombwa kwisha. Wakili wa Serikali alikuja na hoja nne, nazo nazitaja kwa mpangilio wa uzito wake, si wa maandishi yake: basi lilikuwa na kumbukumbu za kuzidi kilomita 80 kwa saa mara kadhaa mwezi Septemba kwenye mfumo wa kufuatilia mwenendo wa magari, kutoa kibali ni hiari ya Mamlaka na hakuna anayekidai kama haki, mwombaji alipaswa kwenda Baraza la Ushindani, na shauri limepitwa na wakati kwa kuwa siku za kibali zimeshakwisha.

Ya kwanza ndiyo iliyoamua kesi, na iliiamua dhidi ya aliyeileta.

Jibu la tarehe 8 lilisema ruti imejitosheleza. Mwendokasi haukutajwa. Sasa mwezi umepita, mwombaji yuko mahakamani, na kiapo kinzani kinaleta sababu mpya. Je, mtoa uamuzi anaweza kuutetea uamuzi wake kwa sababu ambayo hakuiandika alipoamua? Mahakama ya Juu ya India ilijibu swali hili katika Mohinder Singh Gill, iliyoripotiwa mwaka 1978: uamuzi wa chombo cha sheria hupimwa kwa sababu zilizomo ndani yake, haurembwi baadaye kwa viapo. Kwa Tanzania kauli hiyo inashawishi tu, haifungi. Lakini India ina uzoefu mrefu wa jambo hili hili. Sheria yao ya magari ya mwaka 1988 ina kifungu kizima cha vibali vya muda, cha 87, chenye ukomo wa miezi minne na kinachotaja waziwazi safari za kwenda na kurudi kwenye magulio na mikusanyiko ya kidini, na mahakama zao zimebishana juu ya kifungu hicho na watangulizi wake kwa miongo.

Kwetu hoja inapita njia nyingine. Katika Tanzania Air Services dhidi ya Waziri wa Kazi, iliyoripotiwa mwaka 1996, Mahakama Kuu ilisisitiza wajibu wa kutoa sababu, kwani haki ya kupinga uamuzi haina maana kama hujui uliamuliwa kwa nini. "Ruti imejitosheleza" ni sababu kwa umbo. Lakini kama siyo iliyotumika, basi mwombaji hakupewa sababu kabisa, alipewa kisingizio.

Kisha tukafika kwenye haki ya kusikilizwa, na hapa wakili wa Serikali alikuwa na hoja nzuri ambayo naona haikujibiwa vya kutosha. Alitaja McInnes dhidi ya Onslow-Fane, kesi ya Uingereza ya mwaka 1978 kuhusu mtu aliyenyimwa leseni ya kusimamia mabondia. Jaji Megarry aliwagawa watu wa namna hii mafungu matatu: anayenyang'anywa alichokuwa nacho, anayetarajia kuendelezewa, na anayeomba kwa mara ya kwanza. Huyu wa tatu hapotezi kitu, kwa hiyo haki yake ya kusikilizwa ni nyembamba. Tajiri wetu alikuwa wa fungu la tatu. Hajawahi kuwa na kibali cha Moshi. Kwa nini Mamlaka yenye maombi mamia ya Desemba imwite kila mwombaji kumuuliza?

Isiwaite wote, kweli. Ila kuna tofauti kati ya kumwambia mtu "nafasi zimejaa" na kumhukumu kwamba gari lake ni la hatari. La kwanza linahusu ruti. La pili linamhusu yeye, linabaki kwenye kumbukumbu zake, na litamsubiri Pasaka na Desemba ijayo. Tuhuma inayomgusa mtu inatakiwa aione kabla haijamuumiza, hata kama jibu lake litakuwa ujumbe wa simu wenye sentensi tatu. Na kwa kweli alikuwa na jibu: dereva wa Septemba alishaachishwa kazi Oktoba, na barua ya kumwachisha ilikuwepo. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inalinda haki ya kusikilizwa, na Mahakama ya Rufani katika Mbeya-Rukwa Auto Parts dhidi ya Jestina Mwakyoma, iliyoripotiwa mwaka 2003, ilisema haki hiyo imeshavuka kuwa kanuni tu ya sheria za Kiingereza, sasa ni haki ya kikatiba.

Hoja ya hiari, na hoja ya mlango

Kuhusu hiari, Serikali ilikuwa sahihi nusu. Sanai Murumbe dhidi ya Muhere Chacha, uamuzi wa Mahakama ya Rufani wa mwaka 1990, unataja mambo yanayoiruhusu Mahakama Kuu kuutengua uamuzi wa chombo cha chini: kuzingatia yasiyostahili, kuacha yanayostahili, kukosa au kuzidi mamlaka, kufikia hitimisho ambalo hakuna mtu mwenye busara angelifikia, kuvunja kanuni za haki ya asili, na uharamu wa utaratibu au uamuzi wenyewe. Hiari haimo kwenye orodha kama ngao. Kusema "imejitosheleza" tarehe 8 na kutoa vibali viwili vya ruti ile ile tarehe 9 na 10 kunahitaji maelezo, na kiapo kinzani hakikuwa nayo. Pengine waliopewa waliomba mapema zaidi. Pengine wawili walijitoa na nafasi zikafunguka. Hayo yote yangewezekana, na afisa mmoja angeyaapa kwa aya moja. Hakuna aliyeapa.

Hoja ya Baraza la Ushindani ililetwa kama pingamizi la awali. Jaji wangu alilikataa, akisema kwamba nafuu mbadala lazima iwe nafuu kweli, na kwamba mtu asiyejua sababu halisi ya kukataliwa hawezi kutakiwa akate rufaa dhidi yake. Ni uamuzi wenye huruma. Sitaki msomaji auchukue kama dira. Jaji mwingine, kwa maelezo yale yale, angeweza kusema mwombaji hakujaribu hata kufungua rufaa, na angelitupa ombi siku hiyo, na asingekuwa amekosea.

Alichopewa

Uamuzi ulisomwa tarehe 20 Machi.

Ombi la kutengua lilikubaliwa. Uamuzi wa tarehe 8 Desemba ukafutwa kwa kutotoa sababu ya kweli na kwa kutumia taarifa ya mwendokasi bila mwombaji kuijua.

Ombi la kulazimisha Mamlaka itoe kibali lilikataliwa, na hapa kijana alikosea tangu kwenye maelezo yake. Aliomba Mamlaka ilazimishwe kutoa kibali. Hakuna mahakama itakayofanya hivyo, kwa sababu kutoa au kutotoa ni hiari, na Byombalirwa imeshasema wajibu wa hiari haulazimishwi. Angeomba Mamlaka ilazimishwe kulifikiria ombi upya kwa mujibu wa sheria, baada ya kumpa mwombaji taarifa ya mwendokasi na nafasi ya kuijibu. Wajibu wa kufikiria ni wa lazima, matokeo ya kufikiria ndiyo ya hiari. Kama ombi lingeandikwa hivyo na kusikilizwa tarehe 19 Desemba, siku ile ya ridhaa, ningethubutu kusema safari za Januari zingeokolewa.

Je, shauri lilikuwa limepitwa na wakati? Jaji alisema kibali kimepita, lakini kumbukumbu ya mwendokasi na uamuzi uliojengwa juu yake havijapita, na mwombaji bado ni msafirishaji atakayeomba tena. Nakubaliana naye kabisa hapa. Vibali vya muda vyote hufa haraka. Ukisema kila kesi ya kibali cha muda imekufa pamoja na kibali, umesema hakuna uamuzi wa kibali cha muda unaoweza kukaguliwa na mahakama.

Fidia hakupata. Sheria ya mapitio, Sura ya 310, inajua amri tatu: kutengua, kuzuia na kulazimisha. Nauli za siku kumi na nne ambazo basi halikwenda Moshi zingedaiwa kwa kesi ya madai, kwa notisi ya siku 90, na angelazimika kuthibitisha kwamba angepewa kibali kama angesikilizwa. Wakili alimshauri aachane nalo. Alipewa gharama za shauri, na gharama zenyewe zingekokotolewa na msajili siku nyingine.

Mambo yote haya yaliendeshwa kwa Kiswahili, kama sheria inavyotaka tangu mwaka 2021, na tajiri alikaa benchi la nyuma akielewa kila neno. Aliniudhi kwa jambo moja tu, na nakiri ni mimi niliyemwandika hivyo: wakati jaji anasoma sehemu ya mwendokasi, alitikisa kichwa kukataa, ilhali karatasi za VTS zilikuwa sahihi. Basi lilikimbia kweli Septemba. Haki ya kusikilizwa ilikuwa yake hata hivyo.

Ombi lake la mwaka uliofuata aliliwasilisha tarehe 3 Novemba. Aliambatanisha nakala ya uamuzi, kumbukumbu za VTS za miezi sita zilizo safi, vyeti vya madereva wapya, na barua fupi yenye sentensi moja: "Kama kuna jambo lolote juu ya basi hili linalowafanya msite, naomba niambiwe kwa maandishi kabla ya tarehe 20 mwezi huu, nipate kulijibu."